Siri ya Mtu ni Amana

Mali ya mtu huhesabiwa kwa ng'ombe wake, shamba lake, nyumba yake na fedha zake. Lakini ipo mali nyingine ambayo aghalabu haihesabiwi, nayo ni habari za mtu mwenyewe: umri wake, wazazi wake, maradhi yake, madeni yake, alama za vidole vyake, mahali alalapo na watu azungumzao nao. Mali hii ina tabia ya ajabu. Ng'ombe akiibwa, zizi hubaki tupu na mwenyewe hujua. Habari ikiibwa, mwenyewe hubaki nayo kamili, wala hana dalili ya kuibiwa mpaka siku madhara yatakapomfikia. Tena ng'ombe aliyeibwa huweza kupatikana na kurudishwa zizini. Habari iliyotoka hairudi, kwa maana maji yakimwagika hayazoleki.

Swali la insha hii ni hili: mtu anapompa mwingine habari zake kwa sababu ya haja fulani, habari hizo huwa za nani? Je, huwa za yule aliyepewa, azitumie apendavyo, au hubaki kuwa za yule aliyezitoa? Swali hili laonekana dogo, lakini katika jibu lake mna heshima ya mtu au fedheha yake, na wakati mwingine mna uhai wake.

Ewe msomaji, fuata kwa fikira safari ya mama mmoja wa Mraru ampelekaye mtoto wake hospitali ya Nairobi. Kwanza anakwenda kwa wakala wa M-Pesa kutoa fedha za safari, naye anaombwa kitambulisho. Kisha anakwenda Voi kupanda gari la moshi, na ili apate tikiti anatoa namba ya kitambulisho na namba ya simu. Afikapo Nairobi anaingia katika ofisi moja kumwona ndugu yake, na mlinzi wa mlangoni anampa daftari aandike jina lake, namba zake na saa aliyofika. Katika hospitali anaeleza maradhi ya mtoto tangu siku ya kwanza, na habari zake zinatafutwa katika orodha ya Mamlaka ya Afya ya Jamii, iliyochukua mahali pa NHIF mwaka 2024. Anarudi nyumbani na dawa mkononi, naye adhani kuwa hakuacha kitu njiani ila nauli. Kumbe ameacha sehemu za maisha yake kwa watu watano, na hata mmoja hamjui kwa jina.

Hakuna katika hao watano aliyemkosea. Kila mmoja alikuwa na sababu. Wakala alitaka kuhakikisha kuwa fedha zinakwenda kwa mwenyewe. Daktari hawezi kutibu maradhi asiyoyajua. Shida haikuwa katika kuuliza. Shida huanza pale sababu inapokwisha na habari zinapobaki. Lile daftari la mlangoni li wazi juu ya meza, na kila mgeni ajaye huweza kusoma jina na namba za aliyemtangulia. Mwezi ukiisha laweza kutupwa, au kuuzwa kwa mfunga karanga. Nani aliyemwuliza yule mama kama yu radhi?

Wako watu wasemao kuwa neno la faragha ni neno geni kwetu. Husema kuwa katika vijiji vya Taita, kama katika vijiji vingine vya Afrika, kila mtu anamjua mwenziwe. Watu wote wajua nani ameposa, nani amegombana na shemeji yake na ng'ombe wa nani amekufa. Kama babu zetu waliishi hivyo na wakastahiana, sheria ya kuficha mambo ya watu ni ya nini?

Hoja hii yastahili jibu, kwa sababu ina ukweli ndani yake. Lakini tazama vizuri jinsi jirani ajuavyo, kisha utazame jinsi daftari lijuavyo. Utaona tofauti tatu. Ya kwanza, jirani akujuaye nawe wamjua. Akizitangaza aibu zako, zake hazina kifuniko; kwa hiyo kila mmoja huuchunga ulimi wake. Lakini mwenye daftari akujua wewe, wala wewe humjui. Yeye yu gizani nawe u mwangani. Ya pili, maneno ya kijiji hayasafiri mbali. Mtu aliyeharibikiwa na jina huko nyumbani aliweza kwenda Taveta au Mombasa akaanza maisha mapya. Lakini habari iliyoandikwa katika mashine hukutangulia kila uendako, nawe ukifika huikuta imeketi ikikungoja. Ya tatu, jirani husahau, na hata asiposahau husamehe. Mashine haisahau, wala haijui kusamehe. Deni la shilingi mia mbili ulilochelewa kulilipa ulipokuwa kijana lingali limeandikwa pale pale.

Basi si kweli kuwa wazee wetu hawakujua siri. Walijua kuwa siri ina mahali pake na watu wake. Methali mbili za Kiswahili, zikiwekwa pamoja, hutufundisha jambo lote. Ya kwanza yasema, mficha uchi hazai. Maana yake ni kuwa mtu asiyetaka kujulikana kabisa hawezi kusaidiwa. Mgonjwa lazima amwonyeshe mganga jeraha lake. Ya pili yasema, aibu ya maiti aijuaye mwosha. Mwosha huona mwili wa maiti wote, na makovu yake na kasoro zake, kwa sababu kazi haiwezi kufanyika bila kuona. Lakini atokapo nje hasemi. Akisema, hataitwa tena kuosha. Kwa hiyo methali ya kwanza yatuamuru kufunua, na ya pili yamwamuru aliyefunuliwa kunyamaza. Hazipingani. Ya kwanza haiwezekani bila ya pili, kwa maana nani atamfunulia jeraha mtu atakayelitangaza sokoni?

Neno la Kiswahili kwa kitu cha namna hii ni amana. Amana ni kitu kilichowekwa kwako na mwenyewe, si kitu ulichopewa kiwe chako. Mtu akiweka kwako mbuzi wake amana, huna ruhusa ya kumchinja, wala kumkopesha, wala kumuuza kwa faida hata kama utamrudishia mwenyewe thamani yake. Maoni yangu ni kwamba habari za mtu ni amana mkononi mwa kila aliyepewa, awe serikali, awe mfanyabiashara, awe mwalimu. Kutoka katika neno hilo moja sheria zote za faragha zaweza kutolewa, kama mahindi yatokavyo katika gunzi moja.

Historia ya nchi yetu yaonyesha yanayotokea mahali ambapo habari za mtu si amana bali ni silaha. Mwaka 1915 serikali ya kikoloni ya Kenya ilitunga sheria ya kuwaandikisha wanaume Waafrika, na baada ya Vita Kuu ya Kwanza ikaanza kuitekeleza. Kila mwanamume aliyefikia umri wa miaka 16 alitakiwa kuchukua kipande. Kipande kilikuwa karatasi yenye jina lake, kabila lake, alama za vidole vyake, jina la tajiri wake, mshahara wake, na siku ya kuanza na kuacha kazi. Karatasi hiyo ilitiwa katika kikasha cha chuma, na watu wengi walikivaa shingoni. Mfanyakazi aliyeacha kazi kabla tajiri hajatia sahihi alihesabiwa mtoro, na alama za vidole zilisaidia kumtafuta na kumtia mkononi. Tajiri aliyefuata aliweza kusoma mshahara wa zamani, akakataa kumwongeza hata senti.

Angalia jambo hili, msomaji. Mwenye kipande alibeba shingoni habari zilizomhusu yeye kuliko mtu yeyote, lakini yeye ndiye pekee asiyekuwa na mamlaka juu yake. Hakuandika yeye, hakuulizwa kama ni kweli, wala hakuweza kufuta. Wala Wazungu waliokaa katika nchi hiyo hiyo hawakulazimishwa kubeba kitu kama hicho. Ndiyo sababu kipande kilichukiwa sana wakati ule, na kilikuwa miongoni mwa malalamiko yaliyomwinua Harry Thuku na wenziwe mwaka 1921. Wakati watu walipochoka, hawakuchoka kwa uzito wa kikasha. Walichoka kwa uzito wa kujulikana na mtu asiyewahesabu kuwa watu.

Jirani zetu wa Rwanda walipata somo chungu zaidi. Katika miaka ya 1930 utawala wa Wabelgiji uliwapa watu vitambulisho vilivyoandikwa kabila la kila mmoja. Yamkini karani aliyeandika neno hilo moja hakudhani kuwa anaandika jambo kubwa. Lakini neno lilibaki katika karatasi, likarithiwa na serikali zilizofuata baada ya uhuru. Mwaka 1994, katika mauaji ya kimbari, watu walisimamishwa vizuizini barabarani wakaombwa vitambulisho, na neno lile lililoandikwa na karani likawa hukumu ya kifo. Hapa pana fundisho ambalo kila mkusanya habari angepaswa kulibandika ukutani: habari huishi kuliko nia ya aliyeikusanya. Leo waweza kuwa mwema, lakini hujui ni nani atakayeshika ufunguo wa kabati lako kesho.

Lakini je, kama aombaye habari ana nia njema kweli kweli? Hapa ndipo swali linapokuwa gumu, na mfano wake si wa mbali. Mwezi Februari mwaka 2015 Rais wa Kenya alitoa agizo kuwa zikusanywe habari za watoto wote wa shule walio na virusi vya Ukimwi, pamoja na za walezi wao, na za akina mama waja wazito na wanyonyeshao walio na virusi hivyo. Kusudi lililotajwa lilikuwa jema: serikali ilitaka kujua wahitaji walipo ili iwapelekee msaada. Nani atakataa mtoto mgonjwa asipelekewe dawa?

Hata hivyo, fikiri juu ya mtoto mwenyewe. Tuseme ni msichana wa kidato cha pili katika shule fulani upande wa Voi. Anameza dawa zake kila siku, ana afya, anacheza mpira wa wavu, anashinda katika hesabu. Wanaojua hali yake ni mama yake na muuguzi. Sasa jina lake linaandikwa katika orodha. Orodha inapita kwa mwalimu, kwa karani, kwa afisa wa wilaya, na kila mkono unaoipokea una macho mawili na ulimi mmoja. Siku moja atakuta dawati lake limesogezwa pembeni. Ikiwa ataacha shule kwa aibu, au ataacha dawa ili asionekane akizimeza, msaada ule uliomjia utakuwa umemdhuru kuliko ugonjwa.

Watetezi wa haki walikwenda mahakamani. Desemba 2016, Jaji Isaac Lenaola wa Mahakama Kuu aliamua kuwa agizo lile lilivunja haki ya faragha na haki ya mtoto ya kutangulizwa maslahi yake. Mahakama haikusema kuwa serikali isiwasaidie watoto wagonjwa. Iliamuru kwamba habari zilizokwisha kukusanywa zigeuzwe kuwa alama za siri ndani ya siku 45, ili jina la mtu lisiweze kuunganishwa na hali yake. Hukumu hii yafaa kukumbukwa kwa sababu yatufundisha kutenganisha mambo mawili ambayo watu huyachanganya. Kujua ni wagonjwa wangapi walio Voi na wangapi walio Taveta ni jambo moja, nalo latosha kugawa dawa. Kujua kuwa mgonjwa ni binti wa fulani ni jambo jingine. Kusudi jema halihalalishi njia mbaya ikiwa njia njema ipo.

Jaji yule alikuwa na nguzo ya kuegemea, nayo ni Katiba ya Kenya iliyozinduliwa tarehe 27 Agosti 2010. Kifungu cha 31 chasema kuwa kila mtu ana haki ya faragha: asipekuliwe mwili wake, nyumba yake au mali yake, vitu vyake visitwaliwe, habari za jamaa yake au mambo yake ya binafsi zisitakiwe wala zisifichuliwe pasipo lazima, na mawasiliano yake yasiingiliwe. Litazame neno "pasipo lazima". Katiba haikusema kuwa habari zako zisiulizwe kamwe. Imesema aulizaye lazima awe na lazima.

Lakini katiba ni kama boriti ya nyumba. Yahitaji fito na udongo. Mwezi Novemba 2019 Kenya ilipata Sheria ya Ulinzi wa Data, na Novemba 2020 Immaculate Kassait akaapishwa kuwa Kamishna wa kwanza wa kuisimamia. Uganda ilitunga sheria yake mwaka huo huo wa 2019, na Tanzania ikatunga yake mwaka 2022. Ukiisoma sheria ya Kenya, utakuta lugha ngumu ya mawakili, lakini chini ya lugha hiyo yapo mambo ambayo mweka amana yeyote wa zamani angeyatambua. Usichukue habari za mtu bila kumweleza unazitakia nini. Usichukue zaidi ya haja yako. Ulizozichukua kwa kazi moja usizitumie kwa kazi nyingine. Hakikisha ni za kweli. Usikae nazo baada ya haja kwisha. Zifungie vizuri, na zikivuja mbele ya mtu asiyehusika na madhara yakakaribia, mwarifu Kamishna ndani ya saa 72. Mwenye habari naye amepewa haki zake: kuambiwa zinatumiwaje, kuziona, kupinga zisitumiwe, kusahihisha zilizo za uongo, na kuomba zifutwe. Habari za mtoto zisishughulikiwe bila idhini ya mzazi au mlezi, tena kwa faida ya mtoto mwenyewe.

Sheria isiyouma ni mbwa wa kuchorwa. Hii imekwisha kuuma. Septemba 2023 Ofisi ya Kamishna ilitangaza adhabu tatu. Kampuni ya Mulla Pride, iliyokuwa ikikopesha watu fedha kwa njia ya simu, ilitozwa shilingi 2,975,000 kwa kutumia majina na namba za watu kuwasumbua kwa vitisho. Baa ya Casa Vera ya Nairobi ilitozwa shilingi 1,850,000 kwa kutangaza picha ya mteja bila ridhaa yake. Na Roma School ya Uthiru ilitozwa shilingi 4,550,000 kwa kuchapisha picha za watoto bila idhini ya wazazi wao. Fikiri vema juu ya hesabu hizi, ewe mwanafunzi. Katika watatu hao aliyetozwa zaidi ni shule, kwa kuwa mtoto hana nguvu ya kujitetea, na amana ya asiye na nguvu ni nzito kuliko nyingine.

Wala serikali yenyewe haikuachwa. Mwaka 2019 watu wa Kenya waliandikishwa kwa wingi katika mpango wa Huduma Namba. Sheria ya mpango ule iliruhusu kuchukuliwa hata vinasaba vya mtu na alama za mahali hasa anapokaa. Januari 2020 majaji watatu wa Mahakama Kuu waliyakataa mambo hayo mawili, wakasema pia kuwa mpango usiendelee mpaka kuwe na kanuni za kutosha. Oktoba 2021 mahakama hiyo ikabatilisha utoaji wa kadi, kwa sababu serikali haikupima kwanza hatari ambazo mpango huo ungeweza kuwaletea watu. Ni jambo la kutia moyo kwamba katika nchi ambayo watu walivalishwa kipande shingoni bila kuulizwa, mwananchi wa leo aweza kuiambia serikali mbele ya jaji: nieleze kwanza.

Kisha likaja jaribio la namna nyingine. Mwaka 2023 kampuni ya Worldcoin iliwaita watu macho yao yapigwe picha kwa chombo cha mviringo, na kwa malipo wakapewa sarafu za kimtandao zilizokuwa na thamani ya kama shilingi 7,000. Maelfu walipanga foleni Nairobi. Agosti 2023 serikali ilisimamisha shughuli hiyo, na tarehe 5 Mei 2025 Mahakama Kuu iliamuru habari za miili ya watu zilizokusanywa zifutwe ndani ya siku saba. Wengine waliuliza: mtu mzima akiuza picha ya jicho lake kwa hiari, sheria yamwingilia kwa nini? Jibu ni kwamba hiari ina masharti. Hiari ya mtu mwenye njaa aliyewekewa chakula mezani si sawa na hiari ya aliyeshiba, na hiari ya asiyeelezwa ni sawa na sahihi katika karatasi tupu. Tena neno la siri likiibwa laweza kubadilishwa kesho yake asubuhi. Jicho halibadilishwi.

Yapo mawazo mawili yaliyosalia ambayo hayana budi kujibiwa. La kwanza ni la wale wasemao: asiye na kosa haogopi kujulikana. Maneno haya yana sura ya ushujaa, lakini hebu yapime. Mtu aogapo hufunga mlango. Je, kuoga ni kosa? Mgonjwa husema na daktari kwa sauti ya chini. Je, kuugua ni kosa? Mwanafunzi akiandika shairi lake la kwanza hulificha chini ya godoro mpaka liive. Je, kujifunza ni kosa? Mambo mengi mema ya maisha huanza sirini, kama mbegu ianzavyo chini ya udongo, na mbegu inayofukuliwa kila siku ili itazamwe haioti. Tena mtu asiye na kosa leo hajui kesho ni jambo gani litakaloitwa kosa, wala ni nani atakayeliita hivyo. Mnyarwanda wa mwaka 1935 hakuwa na kosa katika kitambulisho chake.

Wazo la pili latoka upande wa pili, nalo ni la hatari zaidi. Wako wakubwa ambao, wakiulizwa fedha za umma zilikokwenda, hukimbilia kusema kuwa hayo ni mambo yao ya binafsi. Hawa wasitudanganye. Katiba ile ile iliyoweka faragha katika kifungu cha 31 iliweka katika kifungu cha 35 haki ya mwananchi kupata habari zilizo kwa serikali. Vifungu hivi viwili si maadui. Maradhi ya waziri ni yake. Zabuni aliyoitia sahihi ni ya watu wote. Kanuni nyepesi ya kukumbuka ni hii: mwenye madaraka ahesabiwe kwa uwazi kadiri ya madaraka yake, na mnyonge afunikwe kadiri ya unyonge wake. Jamii iliyopotoka hugeuza kanuni hii kichwa chini. Wakubwa hawajulikani hata kidogo, na wadogo hujulikana mpaka chini ya kitanda.

Sasa niseme nanyi mnaosoma kitabu hiki darasani. Msidhani kuwa mambo haya ni ya mahakama za Nairobi tu. Sheria ina mkono mfupi ndani ya nyumba. Haiwezi kukaa katika kila bweni, wala kusimama nyuma ya kila simu. Rafiki yako akikuambia kuwa baba yake amefungwa, amekuwekea amana. Ukiona barua ya mwenzako juu ya kitanda, huo ni mlango wa mtu, ijapokuwa hauna komeo. Ukimpiga picha mwenzako aliyeanguka topeni ukaisambaza ili watu wacheke, umefanya kwa kidole kimoja kosa lile lile ambalo kampuni hutozwa mamilioni. Na kesho baadhi yenu mtakuwa makarani, wauguzi, walimu, mawakala na watengenezaji wa programu. Mtashika funguo za kabati za watu. Siku hiyo mjiulize kama yule mwosha wa maiti: nimeona kwa sababu ya kazi, je, kazi yanidai niseme?

Nanyi mkiwa upande wa watoaji wa habari, msione haya kuuliza. Mtu akitaka namba ya kitambulisho chako, mwulize kwa adabu: waitakia nini, utaiweka wapi, na mpaka lini? Mwenye haki ya kuuliza habari zako hatachukia swali hili. Anayechukia amekwisha kukujibu. Na ikiwa umedhulumiwa, ipo Ofisi ya Kamishna ambayo mwananchi yeyote aweza kuipelekea malalamiko yake, wala halazimiki kuwa na wakili.

Nimeuliza mwanzoni kuwa habari za mtu zikishatolewa huwa za nani. Jibu langu ni kuwa hubaki kuwa zake, kama jina lake libakivyo kuwa lake ijapokuwa watu elfu hulitamka. Aliyepewa ni mtunzaji tu. Serikali yaweza kuwa na nguvu, na mfanyabiashara aweza kuwa na mali, lakini uungwana wao wote wawili hupimwa kwa jambo dogo: jinsi wanavyotunza neno ambalo mtu asiye na nguvu wala mali aliwaambia kwa sababu aliwaamini.